Jando, Zindiko na Askari Watoto katika Vita vya Sierra Leone na Liberia

Mwishoni mwa karne ya 20, magazeti na sinema za habari zilieneza duniani picha nyingi za vita vya Liberia na Sierra Leone. Picha hizo zilitofautiana, lakini mtu mmoja alirudi ndani yake kila mara, naye ni mtoto mwenye bunduki. Pengine alikuwa na miaka kumi, pengine kumi na miwili. Shingoni alivaa hirizi; kifuani alikuwa na chale ambazo hazijapona; na mara nyingine, hasa huko Liberia, alivaa nywele za bandia au gauni la bibi arusi lililoporwa, kwa kuamini kwamba vazi hilo litamchanganya adui na kuipoteza risasi njia.

Watazamaji wa mbali hawakukawia kutoa hukumu. Mwaka 1994 mwandishi wa Kimarekani, Robert Kaplan, alichapisha makala iliyosomwa sana, ambamo Afrika ya Magharibi ilionyeshwa kuwa kielelezo cha machafuko yatakayoikumba dunia. Wengi waliosoma maneno kama hayo walijiridhisha kwamba Afrika ya kale, yenye mizimu na uchawi, ilikuwa imefufuka na kushika bunduki mpya. Sisi Waafrika nasi tulikuwa na jibu letu, nalo lilikuwa la haraka vile vile. Tulisema kwamba mila zetu hazina lawama. Kwamba bunduki zilitoka nje, almasi zilinunuliwa na watu wa nje, na kwa hiyo ubaya wote ulitoka nje.

Majibu haya mawili yanapingana, lakini yanafanana katika jambo moja: yote hayataki kuzitazama mila zenyewe kwa karibu. La kwanza linazilaani bila ya kuzijua, na la pili linazisifu bila ya kuziuliza. Katika makala hii tutajaribu kuonyesha kwamba imani za jadi hazikuwapeleka watoto vitani zenyewe, wala hazikukaa kando. Zilikuwa chombo chenye nguvu. Wenye vita walikichukua chombo hicho, wakaiondoa mipaka iliyowekwa na wahenga, wakabakiza nguvu tupu. Na vita vilipokwisha, chombo hicho hicho, kikiwa mikononi mwa wazazi, kilisaidia kuwarudisha watoto nyumbani.

Vita vyenyewe na chanzo chake

Vita vya Liberia vilianza tarehe 24 Desemba 1989, pale Charles Taylor na wapiganaji wake walipovuka mpaka kutoka Côte d'Ivoire kwa nia ya kumwangusha Rais Samuel Doe. Doe mwenyewe alikuwa ametwaa madaraka kwa mapinduzi mwaka 1980. Aliuawa Septemba 1990, lakini kifo chake hakikuleta amani, kwa sababu vikundi vyenye silaha viliongezeka na kugombana vyenyewe kwa vyenyewe. Mwaka 1997 ulifanyika uchaguzi na Taylor akawa rais. Mwaka 1999 vita vikazuka upya, vikamalizwa kwa mkataba uliotiwa saini mjini Accra mwezi Agosti 2003.

Moto huo haukuheshimu mipaka. Tarehe 23 Machi 1991, waasi wa kundi lililojulikana kwa jina la RUF, wakiongozwa na Foday Sankoh, koplo wa zamani wa jeshi, waliingia Sierra Leone kupitia wilaya ya Kailahun wakitokea Liberia, kwa msaada wa Taylor. Vita hivyo vilitangazwa kwisha Januari 2002. Wala havikuwa mbali nasi kama ramani inavyoonyesha, kwa maana mwaka 1994 askari wa Tanzania, pamoja na wenzao wa Uganda, walipelekwa Liberia kulisaidia jeshi la kulinda amani la nchi za Afrika ya Magharibi, wakarejea nyumbani mwaka 1995.

Je, nini kilichozaa vita? Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Sierra Leone ilitoa ripoti yake mwaka 2004, na haikuitaja mizimu kuwa ndiyo chanzo. Ilisema kwamba chanzo ni miaka mingi ya utawala mbaya, ulafi na rushwa, iliyomnyima mwananchi haki yake na kumvunja moyo kijana. Siaka Stevens alitawala tangu mwaka 1968 hadi 1985, na mwaka 1978 alivifuta vyama vyote vya siasa isipokuwa chake. Nchi iliyotoa almasi katika machimbo ya Kono na Tongo ilishindwa kuwalipa walimu wake mishahara. Vijana waliokosa shule walikwenda kuchekecha mchanga wa machimbo kwa faida ya wengine.

Hapa yafaa tuseme kweli ambayo wapenzi wa mila hupenda kuiruka. Manung'uniko ya vijana hayakuelekezwa mjini tu. Vijijini pia wapo machifu na wazee waliowatoza vijana maskini faini wasizoweza kuzilipa, wakawatumikisha bila ya ujira, na kuyafanya mahari kuwa mlima usiopandika. Kijana wa namna hiyo alikihama kijiji akiwa na kinyongo, na waasi walipokuja walimkuta tayari. Kwa hiyo tunapozungumza juu ya mila, tusisahau kwamba kulikuwa na waliolala ndani ya mila hizo wakiwa na njaa ya haki.

Msitu na jando la Poro

Kwa karne nyingi, makabila mengi ya Sierra Leone na Liberia, wakiwemo Wamende, Watemne na Wakpelle, yamekuwa na vyama vya siri vinavyowalea vijana. Kikubwa cha wanaume huitwa Poro. Wanawake wana chao, kiitwacho Sande, au Bondo kwa Watemne na majirani zao. Msomaji anayejua jando na unyago hatapata taabu kuelewa maana yake, ingawa Poro ni zaidi ya jando.

Mvulana alipofikia umri, alichukuliwa na kuingizwa katika msitu mtakatifu wa Poro. Ilisemwa kwamba roho kuu ya msitu imemmeza. Alama za chale alizochanjwa mgongoni ziliitwa alama za meno ya roho hiyo. Huko msituni alikaa kwa muda mrefu, na katika sehemu nyingine za Liberia ya zamani muda huo uliweza kufika miaka kadhaa. Alifundishwa kulima, kuwinda, kujenga, kunyamaza na kutii. Mwisho roho ya msitu ilimtapika, akatoka akiwa mtu mpya mwenye jina jipya, akapokewa na mama yake kwa vigelegele kana kwamba amezaliwa siku hiyo.

Poro haikuwa shule peke yake. Ilikuwa pia ni serikali. Iliweza kufunga mavuno ya michikichi mpaka matunda yakomae, ikaamua kesi, ikamtisha chifu aliyevuka mpaka wake. Waingereza walilijua hilo. Mwaka 1897 walitunga sheria ya kuikataza Poro isifunge mavuno, kwa sababu ilizuia biashara yao. Mwaka 1898, gavana wao, Frederic Cardew, alipotoza kodi ya nyumba, nchi iliwaka moto pande mbili. Kaskazini alipigana Bai Bureh, ambaye alikamatwa mwezi Novemba na kupelekwa uhamishoni Gold Coast, nchi ambayo leo ni Ghana. Kusini, mwezi Aprili, Wamende walinyanyuka karibu kwa wakati mmoja katika sehemu nyingi, na wakoloni wenyewe walikiri kwamba ni Poro iliyoweza kupanga jambo kubwa kama hilo kwa siri.

Katika malezi haya kuna mambo matatu tunayomwomba msomaji ayashike, kwa kuwa tutayarudia. La kwanza, mtoto alitolewa na wazazi wake na kukabidhiwa kwa wazee wanaojulikana. La pili, msitu ulikuwa na muda wake. Mlango wa kuingilia ulikuwa pia ni mlango wa kutokea. La tatu, nyumbani kulikuwa na mtu aliyemngoja.

Jando lililogeuzwa

Taylor aliunda vikosi vya watoto vilivyoitwa vikosi vya wavulana wadogo. RUF nayo ilifanya hivyo. Wala tusidhani kwamba ni waasi tu waliotenda hayo, kwani jeshi la serikali ya Sierra Leone pia lilichukua wavulana, hasa baada ya mapinduzi ya Aprili 1992. Sababu za kuwapenda watoto si za siri. Bunduki ya AK-47 ina uzito wa kilo kama nne tu, na mtoto wa miaka kumi anaweza kuibeba na kuifyatua. Mtoto hadai mshahara. Mtoto haoni mbali, na asiyeona mbali haogopi. Tena, mtoto aliyepotelewa na wazazi humshika mkubwa yeyote anayempa chakula.

Lakini sababu hizo hazielezi namna mtoto alivyofanywa awe askari. Mwanachuo Paul Richards, aliyeishi miaka mingi miongoni mwa Wamende, aliandika katika kitabu chake cha mwaka 1996 kwamba kutekwa na waasi kulifanana na kuingia jandoni. Tukiyatazama matendo yenyewe, tunaiona hoja yake. Mtoto alinyakuliwa ghafla kijijini na kupelekwa msituni. Alipewa jina jipya. Alichanjwa mwili, na wengine waliandikwa herufi za RUF kifuani kwa wembe. Aliapishwa kunyamaza na kutii. Mkuu wa kikosi aliitwa baba. Mtoto wa Kimende au wa Kitemne hakuhitaji kuelezwa maana ya mambo hayo. Tangu akiwa mgongoni mwa mama yake alijua kwamba siku moja msitu utammeza.

Hata hivyo, mfanano huo ulikuwa wa nje. Ndani yake kila kitu kilipinduliwa. Mzazi hakumtoa mtoto wake. Mara nyingine aliuawa mbele yake. Tena kuna watoto waliolazimishwa kuwaua jamaa zao au majirani zao wenyewe, na shabaha ya ukatili huo ilikuwa wazi: mtoto akishafanya hivyo, hawezi kurudi. Jando la wahenga lilimfunga mtoto na kijiji chake. Jando la waasi lilimkatia njia ya kurudi huko. Mahali pa mafunzo ya mwaka mzima palichukuliwa na bangi, kokeni na baruti iliyochanganywa na chakula. Na msitu huo haukuwa na mlango wa kutokea.

Wasichana walipata mateso yao ya pekee. Walitekwa, wakafanywa wake wa wapiganaji, wakabeba mizigo, wakapika, wakazaa, na wengine wakapigana. Wao pia waliingia msituni bila ya kungwi wala mama.

Wawindaji

Upande wa pili wa vita walisimama watu waliojulikana kama Kamajoo, yaani wawindaji wa Kimende. Hapo zamani Kamajoo alikuwa mtu mmoja mmoja, fundi wa kazi yake, aliyeingia msituni usiku na bunduki ya risasi moja kumfuata nyati, tembo au chui. Kazi hiyo ilimtaka awe na dawa, kwa sababu msitu una wanyama na una vingine visivyo wanyama. Alikilisha kijiji nyama na kukilinda, na kwa ajili hiyo aliheshimiwa.

Vita vilipopamba moto, wananchi waligundua kwamba jeshi lao haliwalindi. Walibuni hata neno la kuwaita watu waliokuwa askari mchana na waasi usiku. Ndipo machifu walipowaita wawindaji. Mmoja wa walioongoza shughuli hiyo alikuwa Sam Hinga Norman, askari wa zamani na kaimu chifu wa Jaiama-Bongor, ambaye baada ya uchaguzi wa mwaka 1996 Rais Ahmad Tejan Kabbah alimfanya Naibu Waziri wa Ulinzi. Makabila mengine nayo yalikuwa na wapiganaji wao: Wakono waliwaita Donso, na Wakoranko waliwaita Tamaboro. Wote hao walikusanywa chini ya jina la Majeshi ya Ulinzi wa Raia.

Mpiganaji alizindikwa kabla ya kupewa silaha. Alichanjwa chale na kupakwa dawa. Alivikwa vazi lililoshonewa hirizi, kauri na vipande vya vioo. Ndani ya hirizi nyingi mlikuwa na maandishi ya Kurani, na waganga wengine waliandika aya juu ya ubao, wakayaosha maandishi na kumpa mtu anywe, kama inavyofanywa kombe katika pwani yetu. Kwa hiyo hata neno imani za jadi linataka uangalifu. Uislamu umekaa katika nchi hizo kwa karne nyingi, na dawa ya mwindaji ilikuwa mchanganyiko wa mambo ya mizimu na mambo ya kitabu.

Zindiko hilo lilikuja na miiko. Mpiganaji asimkaribie mwanamke kabla ya kwenda vitani. Asipore. Asimdhuru raia wala mtu aliyejisalimisha. Tukiitazama miiko hii vizuri tunaona kwamba ndani ya vazi la imani mlikuwa na sheria ya vita, tena sheria nzuri. Mwanzoni iliheshimiwa, kwa kuwa kila aliyezindikwa alijulikana kwa chifu wake, na akikosea kijiji kizima kingejua.

Baadaye mambo yalibadilika. Tarehe 25 Mei 1997 wanajeshi waliipindua serikali ya Kabbah na kuwakaribisha RUF mjini Freetown. Wawindaji waliweka makao yao Talia, katika wilaya ya Bonthe, mahali palipoitwa Base Zero. Huko walizindikwa watu kwa maelfu, wengi wao mbali na machifu wao, na zindiko likawa na bei. Mganga aliyekuwa akimjua kila kijana kwa jina la babu yake sasa alichanja safu ya wageni. Na katika safu hiyo walikuwemo watoto. Kulikuwa na walioamini kwamba dawa hukaa vizuri zaidi katika mwili wa mtoto, kwa kuwa hajamjua mwanamke na hawezi kuvunja mwiko huo. Hivyo usafi wa mtoto, ambao katika kila mila ni sababu ya kumficha nyuma ya mlango, uligeuzwa kuwa sababu ya kumtanguliza mbele ya risasi.

Risasi na mwiko

Sisi tuliofundishwa habari za Maji Maji hatuwezi kuyasoma haya kama mambo ya wageni. Mwaka 1905 Kinjeketile Ngwale wa Ngarambe aligawa maji yaliyoaminiwa kuyeyusha risasi za Wajerumani, na dawa yake nayo ilikuwa na miiko. Imani ile iliwaunganisha watu ambao kabla yake hawakuwa na umoja, na kwa ajili hiyo tunaitaja kwa heshima. Lakini risasi hazikuyeyuka. Katika Kongo ya mashariki pia, tangu miaka ya 1990, wapiganaji walioitwa Mai-Mai, jina lililotokana na neno maji, wametumia dawa ya maji, na katika safu zao watoto wamekuwa wengi.

Imani ya namna hii ina jibu moja kwa kila msiba. Mpiganaji akipona, dawa imefanya kazi. Akifa, amevunja mwiko. Dawa haishindwi kamwe, na mganga hakosei kamwe. Anayekosea ni maiti. Mtu mzima aliyeapa kwa hiari yake anaweza kuubeba mzigo huo, kwa kuwa aliyajua masharti na akayakubali. Lakini mtoto wa miaka kumi na moja anapoanguka, nasi tukasema kwamba kosa ni lake, tumemuua mara mbili. Kwanza tumemtoa mbele ya risasi, na kisha tumemtwika lawama ya kifo chake mwenyewe. Hapa ndipo tunapoona kasoro ambayo haikuletwa na mgeni yeyote. Siri, utii usiouliza na mzee asiyekosea ni mambo yaliyokuwamo ndani ya mila zenyewe. Wakati wa amani yalipimwa na mambo mengine, yaani wazazi, muda na kijiji. Vita vilipoviondoa vipimo hivyo, yalibaki peke yake, na yakaua.

Hukumu ya mahakama

Mwaka 2002 iliundwa Mahakama Maalumu ya Sierra Leone. Mwaka 2004 mahakama hiyo iliamua kwamba kumwandikisha jeshini mtoto aliye chini ya miaka 15 kulikuwa ni jinai katika sheria ya mataifa hata kabla ya Novemba 1996. Juni 2007 iliwatia hatiani viongozi watatu wa wanajeshi waliopindua serikali, na hiyo ikawa mara ya kwanza kwa mahakama ya kimataifa kumhukumu mtu kwa kosa la kuwatumia watoto vitani. Sankoh alikwisha kufa kizuizini mwaka 2003. Taylor alitiwa hatiani mwaka 2012, akahukumiwa kifungo cha miaka 50.

Wawindaji nao walishtakiwa, na jambo hilo liliwauma wananchi wengi waliowaona kuwa ndio waliowaokoa. Hinga Norman alifariki Februari 2007 alipokuwa katika matibabu mjini Dakar, kabla ya hukumu kusomwa. Mshtakiwa mwenzake, Allieu Kondewa, hakuwa jemadari. Yeye alikuwa mkuu wa mazindiko. Agosti 2007 alitiwa hatiani kwa makosa kadhaa, moja likiwa la kumwandikisha mtoto jeshini. Swali lililokuwa mbele ya mahakama lilikuwa zito: je, kumzindika mtoto ni kumwandikisha jeshini? Maana walikuwepo watu waliozindikwa ili wapate kinga tu, bila ya kwenda vitani. Mei 2008 mahakama ya rufaa iliifuta hatia hiyo moja, lakini ikakiongeza kifungo chake kwa makosa mengine hadi miaka 20.

Majaji waliamua kwa kadiri ya ushahidi na sheria, na si kazi yetu kuwasahihisha. Lakini swali lao ni letu pia, na halifutwi na rufaa. Mzee anapoweka mkono wake juu ya mtoto na kumwambia kwamba risasi haitampata, amemfungulia njia ya kwenda wapi?

Kurudi nyumbani

Vita vya Sierra Leone vilipokwisha, wapiganaji zaidi ya 72,000 walisalimisha silaha. Miongoni mwao walihesabiwa watoto 6,845, na wasichana hawakufikia hata mmoja katika kila kumi. Si kwamba wasichana walikuwa wachache msituni. Wengi hawakuwa na bunduki ya kukabidhi, na asiye na bunduki hakuandikwa. Huko Liberia, kati ya watu zaidi ya laki moja walioandikwa baada ya mwaka 2003, watoto walizidi elfu kumi.

Serikali na mashirika ya misaada waliwapa watoto hao makazi ya muda, madaftari na mafunzo ya ufundi. Hayo yalihitajika. Hata hivyo, kijiji kilikuwa na hofu ambayo daftari haliwezi kuiondoa. Je, huyu aliyerudi ni yule yule? Waswahili husema moyo wa mtu ni kichaka, na hawa walikuwa wametoka kichakani kweli kweli. Watu wa Sierra Leone walisema kwamba mioyo ya watoto hao ina joto, na kwamba haiwezekani kuishi nao mpaka ipozwe.

Mtafiti Rosalind Shaw, aliyefanya kazi yake kaskazini mwa nchi hiyo, ameeleza namna moyo ulivyopozwa. Mzazi au mlezi alichukua kikombe cha maji. Aliyaombea maji hayo, akimwomba Mungu na wahenga wampe mtoto moyo uliopoa. Kisha alimpaka mtoto maji hayo mwilini, na mtoto akayanywa. Baada ya hapo watu hawakumtaka asimulie tena aliyoyatenda. Walimtazama anavyosalimia, anavyokwenda shamba, anavyowatii wakubwa, na kidogo kidogo wakamhesabu kuwa wao.

Hatusemi kwamba kikombe cha maji kiliponya kila jeraha. Wapo watoto waliokataliwa, na wasichana waliorudi na watoto wachanga mgongoni walisengenywa kwa miaka. Wala hatusemi kwamba kila desturi ya vyama hivyo inastahili kulindwa. Bondo, kwa mfano, ina ukeketaji, nao unawaumiza wasichana hadi leo. Tunachosema ni hiki: katika kikombe kile tunayaona yale mambo matatu yakirudi. Mtoto yumo mikononi mwa wazazi wake. Msitu umepata mlango wa kutokea. Na nyumbani yupo mtu aliyemngoja.

Hitimisho

Mkataba wa Afrika wa Haki na Ustawi wa Mtoto, uliopitishwa mwaka 1990 na kuanza kutumika mwaka 1999, unakataza mtoto yeyote aliye chini ya miaka 18 asishiriki vitani. Sheria hiyo ni njema, na walimu hawana budi kuifundisha. Lakini sheria huandikwa mbali, na mtoto hutolewa nyumbani. Anapotolewa, mara nyingi hutolewa kwa maneno anayoyajua tangu utotoni, yaani maneno ya dini, ya kabila, ya ukoo, ya ushujaa wa mababu. Kwa sababu hiyo kuyajua maneno hayo ni sehemu ya kumlinda.

Tunapowafundisha vijana utamaduni wa Afrika, basi, tusiwape sifa tupu wala lawama tupu. Tuwafundishe kuuliza. Akija mtu, awe na hirizi au na bendera, akadai kwamba mila au imani inamtaka mtoto huyu, na aulizwe maswali ambayo wazee wa Poro waliyajibu kwa vitendo kabla ya mambo kuharibika: Ni nani aliyekupa mtoto huyu? Utakaa naye kwa muda gani? Na siku ya kutoka, utamkabidhi kwa nani? Asiyeweza kuyajibu hayo hana jando, hata kama amebeba wembe na dawa.